Mguu wa Kushoto

Bodaboda ilipotaka kulipita lori kwenye kona, mimi nilikuwa nyuma, nimekumbatia begi la vijiti vyangu vya dramu. Nilizinduka wodini kesho yake. Mkono wa kushoto uliishia juu ya kiwiko.

Nilikuwa nimepiga dramu kwenye kwaya yetu hapa Mbeya kwa miaka 11. Waliokuja kunipa pole walikuwa na neno moja: mshukuru Mungu, uko hai. Nikamshukuru. Ila usiku, wagonjwa wenzangu wakikoroma, nilikuwa nawaza snea nitaipiga na nini. Niliporudi kanisani wakanikabidhi kayamba, tena kwa upendo mtupu. Nililitikisa miezi minne, nimesimama nyuma ya kina mama wa sauti ya pili, na sijawahi kukichukia chombo cha muziki kama nilivyolichukia lile kayamba.

Siku moja, baada ya mazoezi, dogo anayepiga gitaa la besi akanisogezea simu. "Kaka, hebu muone huyu Mzungu." Nikadhani ni video iliyochezewa. Jamaa ana mkono mmoja, na dramu zinalia kama kawaida.

Ni Rick Allen wa bendi ya roki ya Def Leppard, Mwingereza aliyezaliwa Dronfield mwaka 1963. Aliingia bendi akiwa na miaka 15. Albamu ya *Pyromania* ilipotoka mwaka 1983 na kuuzwa kwa mamilioni huko Marekani, alikuwa na miaka 19. Tarehe 31 Desemba 1984, nje ya mji wa Sheffield, gari lake likaacha njia, akarushwa nje, mkono wa kushoto ukang'oka. Madaktari waliushona ukarudi mahali pake, kisha ukaingia vidudu, wakalazimika kuukata moja kwa moja.

Akiwa amelala pale hospitali akagundua kwamba miguu yake inapiga midundo kwenye sponji iliyowekwa mwisho wa kitanda. Hapo nikasimamisha video. Mimi pia nilikuwa nikigonga chuma cha kitanda kwa miguu, mapambio yakinijia kichwani, mpaka nesi akanigombeza. Kumbe mwenzangu yeye aliifuatilia ile midundo. Kampuni ya Simmons ikamtengenezea dramu za umeme zenye pedeli kadhaa, na kazi ya mkono wa kushoto ikahamia mguu wa kushoto.

Na wenzake walimsubiri. Hilo ndilo lililoniliza, kuliko hata ajali yenyewe. Waliporudi jukwaani Agosti 1986, walimwita Jeff Rich wa bendi ya Status Quo apige sambamba naye, kama tegemeo. Usiku mmoja huko Ireland Rich akachelewa, Allen akapiga peke yake, na haja ya tegemeo ikaishia pale. Tarehe 16 mwezi huohuo alipiga kwenye tamasha la Donington mbele ya maelfu ya watu. Mwaka uliofuata ikatoka albamu ya *Hysteria*, iliyouza nakala zaidi ya milioni 20. Muziki wenyewe, niseme ukweli, unanipasua kichwa. Mimi ni mtu wa mapambio.

Dramu za umeme za namna ile sina uwezo nazo. Nikaenda kwa fundi wa mageti. Alinitazama, akatazama pedeli kuukuu niliyobeba, akaniuliza swali ambalo hakuna aliyewahi kuniuliza: "Unataka kipige wapi?" Akachomelea kibao cha chuma, akaisimamisha snea kwa ubavu, akavuta waya wa breki ya baiskeli kutoka pedeli hadi kwenye kirungu. Matoazi ya mguu tuliyabana yabaki yamefungwa, maana mguu wa kuyafungua ndio huo umepata ajira mpya.

Jumapili ya kwanza waya ulikatika katikati ya pambio. Kwaya ikaendelea kwa makofi, na nikamwona mzee mmoja wa kanisa akilitafuta kayamba kwa macho. Wiki iliyofuata nilikuja na nyaya mbili za akiba.

Ibada ya kwanza inaanza saa moja asubuhi. Mimi nafika saa kumi na mbili, kwa sababu kukaza waya kwa mkono mmoja kunachukua nusu saa.