Salamu Ambayo Sikuijibu

Nilipokuwa katika shule ya msingi, palikuwa na kipande cha ubao kilichotiwa kamba. Mtoto aliyesikiwa akinena lugha ya kwao alivikwa shingoni, naye hukaa nacho mpaka amnase mwenzake. Mimi nilikivaa siku tatu mfululizo. Siku ya nne bibi yangu alikuja kuniletea kibuyu cha mursik, akanisalimu kwa Kinandi mbele ya wenzangu. Niliinamisha kichwa nisimjibu. Akaweka kibuyu chini, akaenda zake.

Miaka mingi baadaye, nikiwa mwalimu hapa Eldoret, jirani yangu mwenye asili ya India alinialika kwake kutazama filamu iitwayo Shwaas, maana yake pumzi, iliyoongozwa na Sandeep Sawant na kutolewa mwaka 2004. Nilitazamia nyimbo na ngoma tulizozizoea katika filamu za Kihindi. Badala yake nikaona mzee wa shamba aliyempeleka mjukuu wake hospitali mjini. Daktari akampa habari nzito: mtoto ana saratani ya macho, na ili aokoke hana budi kupofuka. Basi kabla ya kupasuliwa, babu akamtoa mtoto hospitalini, akamzungusha mjini apate kuiona dunia mara ya mwisho.

Watu hao walinena Kimarathi, lugha ya jimbo la Maharashtra. Ajabu ni kwamba Mumbai, mji mkuu wa jimbo hilo, ndio makao makuu ya filamu za lugha ya Kihindi. Hivyo Kimarathi, ijapokuwa kina wasemaji zaidi ya milioni 80, hufunikwa na mwenzake katika mji wake mwenyewe. Hata hivyo, filamu ndefu ya kwanza ya India, Raja Harishchandra ya mwaka 1913, ilitengenezwa na Mmarathi, Dadasaheb Phalke. Na tuzo ya taifa ya filamu bora ilipotolewa kwa mara ya kwanza, mwaka 1954, iliiendea filamu ya Kimarathi, Shyamchi Aai. Ikapita nusu karne, ndipo Shwaas ikaipata tuzo hiyo na kuchaguliwa kuiwakilisha India katika mashindano ya Oscar huko Marekani.

Kenya nayo, mwaka 2018, ilipeleka huko Supa Modo ya Likarion Wainaina, hadithi ya Jo, msichana mgonjwa asiye na tumaini la kupona, ambaye kijiji kizima kilishirikiana kumfanya shujaa wa filamu. Humo husikika Kiswahili, Kikikuyu na Kiingereza, kama watu wanenavyo majumbani.

Nilitambua usiku ule kwamba huzuni haiazimi ulimi. Yule babu angempa mjukuu wake habari ile kwa lugha ya kigeni, nani angemsadiki? Sikujua neno moja la Kimarathi, ila kwa maandishi yaliyopita chini ya picha. Lakini sauti yake ilinifikia.

Enyi vijana, jifunzeni Kiswahili na Kiingereza kwa bidii, kwani ni milango mipana. Lakini msiufunge ule mlango mdogo mliotokea. Bibi yangu amekwisha kufariki, na salamu yake ile sijaijibu.