Kibiti, Delta na Sambusa za Friza

Ukitaja Kibiti mbele ya watu wa Dar, wengi wanakumbuka zile taarifa za mauaji za mwaka 2017, wengine wanakumbuka mabasi ya Lindi na Mtwara yakisimama abiria wanunue korosho. Mimi ni nyumbani kwa mume wangu, kwa hiyo kwangu Kibiti ni mama mkwe, mikorosho na kunde. Kama wewe na mwenzio wote mnafanya kazi na jioni mnarudi hoi, twende wote, maana safari hii inakuhusu.

Gari tunapandia Mbagala Rangi Tatu. Ukishapita Kongowe, Vikindu na Mkuranga foleni inakuachia, na kuanzia hapo ni minazi, mikorosho na mananasi yaliyopangwa pembeni ya barabara. Bungu ndipo inapochepuka njia ya Nyamisati, kwenye boti za kwenda Mafia. Ukiwa na siku ya ziada, chepuka. Nyamisati ni mlango wa delta. Mto Rufiji ukikaribia Bahari ya Hindi unagawanyika mikono mingi, na katikati yake umesimama msitu mkubwa wa mikoko kuliko wote Afrika Mashariki. Humo ndimo Wajerumani walimoificha meli yao ya kivita, Königsberg, mpaka ikaishia humohumo Julai 1915. Maji yakipwa unaona tope na mizizi tu. Yakijaa, mtumbwi unapita juu ya palepale ulipokuwa unakanyaga. Kila stori huko ni kamba, kaa na samaki, na kinachowaumiza wavuvi kichwa ni barafu. Bila barafu, kamba wa asubuhi jioni hauziki.

Sasa fikiria umezaliwa upande huo, halafu siku moja unamtangazia mama yako kwamba huli nyama wala samaki. Mume wangu aliacha vyote miaka miwili iliyopita, kwa hiari yake, hakuna daktari aliyemwambia. Mama alimwangalia yeye, kisha akaniangalia mimi.

“Hata kamba?”

“Hata kamba, mama.”

Ila kilichonipeleka jikoni kwa mama safari hii ni kingine. Dar tunakaa Chamazi. Mimi natoka Posta, nafika nyumbani saa mbili na nusu usiku, mwenzangu saa tatu. Salamu yetu ilishakuwa “umepika nini?”, na jibu lilikuwa chipsi za kibandani, kila mtu na mfuko wake, kila mtu na simu yake. Kuna wiki nzima tuliongea kwa meseji tukiwa nyumba moja. Mnaojua mnajua. Tukakubaliana tutenge Jumamosi moja kwa mwezi, tupike wote wawili, tujaze friza. Mama aliposikia alicheka kwa uchungu: “Kwa hiyo mwanangu unamlisha barafu?” Kwake yeye chakula ni kile kinachofuka moshi, kingine chote ni kiporo. Nikamwambia, basi mama, tupike hapahapa kwako uone.

Tulichagua sambusa za kunde na korosho. Kilo moja ya kunde ililala kwenye maji usiku kucha, asubuhi tukachemsha na chumvi mpaka zikaiva bila kuvurugika, tukamwaga maji yote. Pembeni tulikaanga vitunguu, kitunguu saumu, tangawizi, karoti zilizokwaruzwa, pilipili hoho na binzari nyembamba. Kunde zikaingia, nusu tukaziponda kwa mwiko. Korosho za kukaanga, zilizotwangwa kidogo tu, zinawekwa mwishoni pamoja na giligilani na ndimu, ili ukitafuna uzisikie. Hapa ndipo usifanye haraka: mchanganyiko ukae jikoni mpaka ukauke kabisa, kisha upoe kabisa. Ukifunga ukiwa wa moto au una maji, manda inalainika, na kwenye friza yale maji yanageuka barafu inayokuja kukupasukia kwenye mafuta.

Manda tulinunua tayari, kingo tukagandisha kwa uji mzito wa unga wa ngano. Mume wangu alikunja mkono wa shati akakaa kwenye mkeka, akaanza kufunga pembetatu. Jirani aliyekuja kuazima kinu alisimama mlangoni akatazama, akaondoka bila kinu. Mama akashindwa kuvumilia: “Toka jikoni wewe, watu watasema umelishwa limbwata!” Hakutoka. Alifunga vizuri kuliko mimi, na nalisema hapa kwa sababu yeye husoma gazeti hili.

Mama alinyamaza muda mrefu. Halafu, bila kuulizwa, akaanza kusimulia msimu wa mpunga, walivyokuwa wanahamia bondeni yeye na marehemu baba mkwe, wanaishi juu ya dungu, mchana kufukuza ndege, usiku kufukuza nguruwe. “Kunde nikizipika asubuhi, ndiyo hizohizo mpaka usiku. Nani alikuwa na muda wa kupika mara tatu?” Akachukua manda moja. “Lakini kule juu tuliongea, mwanangu. Ndiko nilikomjua baba yake huyu.” Mafuriko ya Aprili 2024 yalifunika shamba lake la bondeni. Sijawahi kumsikia akililia mpunga. Dungu, analitaja mpaka leo.

Kilo ile ilitupa sambusa mia moja na kidogo. Mama hana friza, ila dukani kwa jirani lipo la barafu za ukwaju, tukaomba nafasi. Zipange mbichi kwenye sinia zisigusane, ziache saa tatu nne mpaka ziwe ngumu, ndipo uzijaze kwenye kopo lenye mfuniko. Miezi miwili zinakaa bila wasiwasi. Siku ya kula, zitoe moja kwa moja kwenye friza ziingie kwenye mafuta ya moto wa wastani, usisubiri ziyeyuke. Umeme ukikatika usifungue fungue: friza lililojaa hushika baridi kama siku mbili, lililo nusu siku moja. Zikilainika, zikaange siku hiyohiyo, usizigandishe tena. (Na umeme wenyewe, tangu Februari 2024, sehemu yake ni maji ya Rufiji hiihii, kutoka Bwawa la Julius Nyerere la megawati 2,115 huko juu ya mto.)

Jumapili tulirudi Dar na ndoo ya sambusa iliyozungukwa na barafu. Tulihesabu sitini. Arobaini na kitu zilibaki kwenye friza la dukani, na mama ndiye aliyeomba kalamu, akaandika jina lake juu ya mfuniko.