Mimi wa Oktoba, Pasipoti ya Desemba

Msomaji wangu, usinicheke. Pasipoti yangu inasema nimezaliwa 10 Desemba 1999. Mama yangu, ambaye siku hiyo alikuwepo, anasema ni 12 Oktoba. Kijana aliyenijazia fomu ya kitambulisho cha taifa aliugeuza mwezi ukawa siku, nami nikasaini bila kusoma maana nilikuwa nawahi mpira.

Ningeishi nalo tu hilo kosa. Lakini dada yangu aliyeko Muscat akaniombea viza, na yeye akaandika tarehe anayoijua, ya Oktoba. Uwanja wa ndege wakatazama viza, wakatazama pasipoti, kisha wakanitazama mimi. Tiketi ikaungua hivi hivi.

Washkaji wakanishauri: "Mwambie dada abadili viza, wewe uwe wa Desemba, yaishe." Nikampigia mama huko Kasanda. Weee! Simu nusura ipasuke.

"Siku mbili baada ya kukuzaa, Mwalimu Nyerere akafariki kule London. Mimi nakunyonyesha, watu nje wanalilia redio. Sasa wewe wa Desemba, mama yako ni nani?"

Nikapanda basi.

Kasanda iko nyanda za juu za Kigoma. Nilipozaliwa ilikuwa Wilaya ya Kibondo. Mwaka 2012 wilaya ikamegwa, Kasanda ikajikuta Kakonko bila kusogea hata hatua moja. Kwa hiyo hata wilaya ninazo mbili! Hewa ni ya baridi, mihogo imeanikwa kila uani, na ukifika asubuhi bila kusema "mwakeye" watakuona umeharibiwa na mjini.

Burundi haiko mbali. Kiha na Kirundi vinaelewana, na miaka ile ya 1990 wakimbizi walimiminika huku. Ndiyo maana karatasi yenye kasoro, ambayo Dar ni kosa la kalamu tu, huku inakuzalia maswali. Kwenye kizuizi niliulizwa babu yangu nani, kazikwa wapi, na balozi wetu wa nyumba kumi ni nani. Nilijibu yote, lakini jasho lilinitoka.

Mjomba wangu, aliyewahi kuwa karani, akanifumbua macho. Namba ya NIDA ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ndizo tarehe yako ya kuzaliwa: mwaka, mwezi, siku. Nikatoa kitambulisho. 19991210. Kumbe kosa nalibeba mfukoni kila siku! Pasipoti imefuata kitambulisho tu, akasema. Huwezi kupaka rangi tawi wakati shina ni bovu. Anza na cheti cha kuzaliwa, ambacho sijawahi kuwa nacho, ndipo uende NIDA, ndipo Uhamiaji. Na hapo ujue pasipoti ya kielektroniki ilipozinduliwa mwaka 2018 ada iliwekwa shilingi 150,000. Mpira ule ulinigharimu, jamani.

Cheti kinataka ushahidi. Kadi ya kliniki ililiwa na mchwa. Tukaenda parokiani, katekista akashusha daftari la ubatizo lenye jalada limechakaa, akapitisha kidole taratibu. Mstari wangu ukaonekana, wino wa bluu: amezaliwa 12 Okt. 1999. Padri yule wa zamani aliandika mwezi kwa herufi! Mama hakusema kitu, alinitazama tu kama mtu aliyeshinda kesi.

Kesho yake tukaenda Kakonko, ofisi ya Katibu Tawala wa Wilaya, ambako vizazi huandikishwa. Mama alivaa kitenge kipya. Nakala ya ubatizo aliifunga kwenye nailoni, akaishika mwenyewe, hataki niiguse. Akaulizwa kuhusu mimi, akajibu mpaka saa ya alfajiri niliyozaliwa. Halafu karani akageuza karatasi, akamuuliza na yeye amezaliwa lini.

Mama akakaa kimya kidogo.

"Mimi," akasema, "andika mwaka wa njaa."