Tango la Sebuleni

Agosti 1961, nikiwa na miaka kumi, nilipanda treni Voi nikaja Nairobi kukaa na baba siku za likizo. Alikuwa mpishi wa Wazungu fulani Kileleshwa: nyumba ya mawe, paa la vigae vyekundu, bustani kubwa kuliko uwanja wa shule yetu kule Taita. Sisi tulilala chumba cha uani, ng'ambo ya kamba za kuanikia nguo.

Jumamosi ile walialika wageni. Baba akanionyesha jinsi ya kumenya tango na kulikata vipande vyembamba vya kutia katikati ya mkate. Kingo za mkate zilikatwa. Hizo zilikuwa zetu, na siagi yake.

"Leo usiku watacheza tango," akasema.

Nikatazama kisu, nikatazama tango, nikakosa la kuuliza.

Usiku nilichungulia kwenye mlango wa jikoni. Santuri iliyorudiwa zaidi ilikuwa "Jalousie". Jina nililijua baadaye, pamoja na kwamba mtunzi wake, Jacob Gade, alikuwa Mdenmark, aliyeitoa mwaka 1925 kusindikiza filamu isiyo na sauti. Mimi nilisikia fidla tu, inalalamika, halafu inakasirika ghafla. Wageni walicheza wamenyooka kama fimbo, vichwa vikigeuka kwa mpigo mmoja.

Jumatatu wenye nyumba walitoka. Baba akapaka polishi sakafuni, akajifunga vipande vya blanketi kuukuu miguuni, akaweka santuri ileile. Kumbe ndivyo alivyong'arisha zile mbao! Alijifunza dansi Burma wakati wa vita, kwenye KAR, jeshi la wakoloni, kwa askari wenzake wa pwani waliozoea walzi, foksitroti na rumba. Mwanamuziki Fundi Konde mwenyewe alikuwa huko, katika kikosi cha burudani. Tangu hapo baba akipata ruhusa ya Jumamosi hakosi Kaloleni Social Hall.

Lakini tango lake halikuwa la wageni wale. Alikuwa akiteleza, mara husimama ghafla, magoti yanakunjika, kiuno kinavunjika upande, kisha huteleza tena kama hakuna kilichotokea. Blanketi lilisugua, mbao zikalia.

Hatukusikia gari. Memsahab alikuwa mlangoni, mkoba mkononi. Nikajua leo tunarudi Taita.

"Mpishi," akasema kwa Kisetla chake, "hapana vunja goti. Kwenda moja kwa moja."

"Ndiyo, memsahab."

Akapita zake chumbani. Jioni nilimuuliza baba kama atafukuzwa.

"Kwa lipi? Sakafu si imeng'aa?" Akavuta kiko. "Ila mama yule hajui. Tango bila kuvunja ni kwata."

Nilikuwa mtu mzima niliposoma chanzo cha tango, habari za Buenos Aires na Montevideo, za wajukuu wa Waafrika waliouzwa utumwani na ngoma yao ya kandombe. Vijana wa mitaa ya kimaskini waliwaiga, na miondoko waliyoichukua ina majina hadi leo: corte na quebrada, yaani kukata na kuvunja. Ngoma hiyo ya tango ikavuka bahari, ikawatia wazimu watu wa Paris kabla ya vita vya 1914. Miaka ya 1920 walimu wa dansi wa London wakaiandikia kanuni, wakaipiga pasi mpaka mikunjo ikaisha. Iliyofika Kileleshwa ndiyo hiyo ya pasi.

Baba hakuyasoma hayo. Kule kuvunja alikutoa wapi, sikuwahi kumuuliza. Mimi nashuku mwazindika, ngoma ya kwetu Taita, maana hata harusini ikilia, kiuno chake kilikwenda vilevile.

Nyumba ile ilibomolewa, pakajengwa maghorofa. Naishi kwa binti yangu, mtaa wa pili, ghorofa ya sita. Sakafu ni ya vigae, inapigwa deki tu. Siku moja, wote wametoka, niliitafuta "Jalousie" kwenye simu, nikavaa soksi mbili mbili. Kuteleza niliteleza vizuri. Kwenye kuvunja, goti likavunja kweli, na binti yangu akanikuta nimeshika mguu wa meza.