Nusu Siku Katika Kilwa Kisiwani

Wahenga wetu wamesema, "Mwacha asili ni mtumwa." Methali hii twaisikia sana katika hotuba na mikutano, lakini ni wachache miongoni mwetu waliojishughulisha kwenda kuitazama hiyo asili kwa macho yao. Kijana wa Lindi au wa Dar es Salaam hukutajia miji ya Ulaya na wachezaji wake wa mpira bila ya kusita. Lakini ukimwuliza habari za Kilwa Kisiwani, mji uliokuwa na sifa kwa mabaharia wa Uarabuni na Bara Hindi karne 7 zilizopita, atakujibu kuwa ni magofu tu. Kwa ajili hiyo twaliazimia kuwachukua watoto wetu, pamoja na mama yao na bibi yao, ambaye ndiye mama yetu mzazi, tukawatembeze huko asubuhi moja. Haya tunayoyaandika ni yale tuliyoyaona na tuliyoyatafakari, huenda yakawafaa wenye nyumba wengine.

Safari yenyewe si ya taabu. Atokaye Dar es Salaam husafiri kiasi cha kilomita 300 kwenda kusini. Sisi tulitoka Lindi, na sote njia yetu ni moja, kupinda katika njia panda ya Nangurukuru na kushuka mpaka Kilwa Masoko. Hapo mgeni hulipia kibali kwa wenye dhamana ya mambo ya kale, hupewa kiongozi wa kumtembeza, kisha hupanda mashua. Mkondo wa bahari uliopo katikati si mpana, na upepo ukiwa mwema hata watoto hawapati nafasi ya kuogopa. Kiongozi wetu alikuwa kijana mzaliwa wa kisiwani, mwenye adabu na ulimi mzuri. Alimwamkia mama yetu kwanza, kisha sisi, kisha akawaambia watoto, "Leo mtatembea katika mji wa babu zenu."

Jengo la kwanza limpokealo mgeni ufukweni ni Gereza. Wareno walijenga ngome hapo mwaka 1505, na hii inayoonekana leo kwa sehemu kubwa ni kazi ya Waarabu wa Omani waliokuja baadaye. Kijana alitueleza habari zilizowafanya watoto wanyamaze. Mwaka 1502 Vasco da Gama alifika Kilwa na manowari zake, akamlazimisha mtawala wa mji, Amir Ibrahim, kutoa kodi ya dhahabu. Miaka 3 baadaye akaja Francisco de Almeida, akauteka mji na askari wake wakauteka nyara. Dhahabu ile ya kodi ilipelekwa Ureno, ikafuliwa kuwa chombo cha ibada ya kanisa kilichomalizika mwaka 1506, na chombo hicho kiko mpaka leo katika nyumba ya makumbusho mjini Lisbon. Mwana wetu mkubwa, mwenye miaka 16, aliuliza kwa nini hakirudishwi. Swali lake ni la haki, nasi hatukumkataza kuuliza.

Kutoka hapo twaliingia katika Msikiti Mkuu. Ewe msomaji, hata kama umepata kusoma habari za msikiti huu, hujui ulivyo mpaka uingie ndani yake. Sehemu ya kaskazini ndiyo ya zamani zaidi, nayo ilijengwa kabla ya karne ya 13. Baadaye, mwanzoni mwa karne ya 14, Sultani al-Hasan bin Sulaiman aliupanua sana kwa upande wa kusini, akaufunika kwa kuba na matao. Na ulipoanguka, waliokuja nyuma yake waliujenga upya katika karne ya 15. Ukuta wote ni wa matumbawe ya bahari na chokaa iliyochomwa kwa matumbawe hayo hayo. Hapana saruji wala chuma. Kando yake kipo kisima na birika la kutawadhia, na mawe ya kusugulia miguu yaliyolainishwa kwa nyayo za watu waliokuja kuswali. Mama yetu aliyashika mawe yale kwa mkono, akakaa kimya muda mrefu.

Hapo ndipo kijana alipotusimulia masimulizi ya kale: kwamba Ali bin al-Hasan alikuja kutoka Shirazi, akamkuta mwenye kisiwa, akakinunua kwa nguo zenye urefu wa kukizunguka chote. Watoto waliyapenda sana. Lakini kijana, na hapa twamsifu, aliongeza kuwa wachimbaji wa mambo ya kale, na hasa Neville Chittick aliyefanya kazi kisiwani tangu miaka ya 1950, wamekuta kuwa watu walikuwa wakiishi hapo, wakivua na kulima, karne kadhaa kabla ya kutajwa kwa huyo Ali. Nasi twaongeza kuwa uchunguzi wa mifupa ya kale ya miji yetu ya pwani, Kilwa ikiwamo, uliotangazwa mwaka 2023, umeonyesha kuwa damu ya Kiafrika na damu ya Kiajemi zilianza kuchanganyika kiasi cha mwaka 1000, ile ya Kiafrika ikitoka zaidi kwa kina mama, na ya Kiajemi zaidi kwa kina baba. Basi anayejivunia baba zake peke yao amewasahau mama zake.

Binti yetu mwenye miaka 12 aliokota kigae kidogo cha chombo cha Kichina, cha rangi ya kijani, kizuri mno. Kijana alimwomba kwa upole akirudishe pale pale alipokiokota. Alisema, "Kila mgeni akichukua kimoja, mjukuu wako atakuja kuona mchanga mtupu." Naye alikirudisha, ingawa kwa huzuni. Mahali hapa pameandikwa na UNESCO katika urithi wa dunia tangu mwaka 1981, na toka mwaka 2004 hadi 2014 palihesabiwa kuwa katika hatari, kwa sababu ya kuliwa na bahari na kuporomoka kwa kuta. Kwa hiyo adabu ya mgeni ni sehemu ya hifadhi.

Makutani, jumba la karne ya 18 lenye ukuta mkubwa, twalipita kwa haraka. Kijana alisema tu kuwa ni nyumba ya masultani wa mwisho, akatuongoza kwenye njia ya kwenda Husuni Kubwa.

Husuni Kubwa iko mbali kidogo, juu ya jabali linaloikabili bahari. Jumba hili alilijenga al-Hasan bin Sulaiman yule yule, nalo lina vyumba zaidi ya 100, nyua pana, na hodhi la kuogea lenye pembe 8. Ni kubwa hivyo, lakini yaonekana halikumalizika kujengwa, wala halikukaliwa kwa muda mrefu. Sultani huyu alipiga sarafu za shaba zenye jina lake upande mmoja, na upande wa pili maneno ya kumtegemea Mwenyezi Mungu, pande zote mbili zikikutana kwa kina. Sarafu yake moja imeonekana Zimbabwe Kuu, na sarafu nyingine za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 katika visiwa vya Wessel, kaskazini mwa Australia.

Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, akaandika kuwa sultani huyu aliitwa Abul Mawahib, yaani baba wa vipawa, kwa wingi wa ukarimu wake. Kijana alitukalisha kivulini, akatuhadithia kisa alichokishuhudia msafiri huyo. Siku ya Ijumaa, sultani alipotoka msikitini, fakiri mmoja kutoka Yemen alimsimamisha akamwomba nguo alizozivaa. Sultani akaingia nyumbani kwa khatibu, akavaa nguo nyingine, akampa fakiri zile alizoomba. Watu wakamsifu sana. Mwanawe akazikomboa nguo zile kwa fakiri kwa kumpa watumwa 10. Na sultani aliposikia jinsi watu walivyomshukuru, akaamuru apewe wengine 10, pamoja na mizigo 2 ya pembe za ndovu. Alipokufa, ndugu yake Daud alikuwa kinyume chake, na akijiwa na mwombaji humjibu kuwa mtoaji amekwisha kufa, wala hakuacha cha kutolewa.

Sote twalitabasamu. Lakini yule binti aliuliza, "Na wale watu 20, walitoka wapi?"

Kijana alitutazama sisi kwanza, kama mtu aombaye ruhusa. Kisha akasema, "Wazee wangu, mniwie radhi. Wako wageni wa dini yetu wanaochukia nikitaja watumwa, husema nawatukana mababu. Na wako wageni wengine wasiotaka kusikia neno lolote ila hilo, hata msikiti hawautazami. Nami nataka kila mtu aondoke radhi, kwa hiyo mara nyingi hupita."

Kabla hatujamjibu, mama yetu alisema, "Sema, mwanangu. Bibi yake bibi yangu aliletwa Kivinje kwa miguu, kutoka upande wa Nyasa, akiwa mtoto mdogo. Aliuzwa pale. Na yeye ndiye aliyemfundisha bibi yangu kusoma Kurani."

Ndugu wasomaji, sisi tu watu wazima wenye watoto, na neno hilo hatukuwa tumepata kulisikia kinywani mwake. Katika pwani hii kuna nyumba nyingi zinazojua habari kama hiyo na kuifunika, kwa kuwa waliotendewa ndio walioachiwa aibu, na waliotenda wakaachiwa majina mazuri.

Basi kijana alisema yote. Alisema kuwa sultani yule mkarimu alikuwa pia akipigana na majirani wa bara na kuchukua mateka. Alisema kuwa mwaka 1776, wakati wa masultani wale wa Makutani tuliowapita kwa haraka, Mfaransa mmoja jina lake Morice alifanya mkataba na Sultani wa Kilwa apewe watu 1000 kila mwaka, ili wapelekwe kufanya kazi katika visiwa walivyovishika Wafaransa, Mauritius na Réunion. Alisema kuwa katika karne ya 19 Kilwa Kivinje, bandari iliyoko ng'ambo upande wa kaskazini, ikawa mlango mkubwa wa misafara ya watumwa kutoka Ziwa Nyasa, mpaka Sultani Barghash wa Unguja alipolazimika mwaka 1873 kupiga marufuku biashara hiyo baharini. Mnunuzi alikuwa mgeni mara nyingi. Lakini mwuzaji, mchukuzi na mwenye jahazi walikuwa watu wetu, wenye kuswali kama tuswalivyo sisi.

Je, haya yaharibu fahari ya Msikiti Mkuu? Sisi twaona hayaiharibu, bali yaiweka mahali pake. Dini yetu imefanya kumwacha huru mtumwa kuwa ibada kubwa na kafara ya madhambi. Mtume, rehema na amani zimfikie, amewaonya vikali wamwuzao mtu huru wakala thamani yake. Na mwadhini wake, Bilal, alikuwa mtu aliyetoka utumwani. Basi aliyemteka mtoto wa Nyasa akamwuza Kivinje hakufanya hivyo kwa kuifuata dini, bali kwa kuifuata tamaa yake. Nasi tukimtetea kwa sababu ni mtu wa dini yetu, tutakuwa tumeitia dini lawama isiyokuwa yake. Muislamu hakuruhusiwa kuuficha ushahidi kwa kuwa unamgusa yeye au jamaa zake. Na kama mwana wetu ana haki ya kuidai dhahabu iliyoko Lisbon, yampasa pia kujua deni lililo juu ya pwani hii yenyewe. Adaiye cha kwake asiyakatae madeni yake.

Ama wale wageni wasiotaka kusikia ila habari za utumwa, hao nao twawaambia kuwa waliojenga kuba zile walikuwa watu wenye elimu na ibada, na kulificha hilo pia ni dhuluma. Ukweli hauna budi kuchukuliwa wote.

Kwa hiyo twawanasihi wenye nyumba mambo machache. Wapelekeni watoto Kilwa kabla hamjawapeleka mbali. Asubuhi moja yatosha kwa Kisiwani, ingawa Songo Mnara yataka siku yake. Chagueni majira ya kupungua joto, chukueni maji ya kunywa, na vaeni mavazi ya heshima, kwani humo mna kijiji cha watu wanaoishi, si magofu peke yake. Sisi tuliswali adhuhuri pamoja nao, na wakatupa madafu kabla hatujaulizia bei. Msipande juu ya kuta, wala msichukue kigae. Mpeni kiongozi haki yake kwa ukamilifu, na mwambieni mapema kuwa mnataka kusikia yote, matamu na machungu, ili asilazimike kuyapima maneno kwa nyuso zenu.

Na jambo la mwisho, ambalo kwetu ndilo kubwa: waulizeni wazee wenu. Methali yasema mwacha asili ni mtumwa. Lakini wako mababu na mabibi zetu ambao hawakuiacha asili yao, bali walinyang'anywa. Majina yao hayakuandikwa katika sarafu wala katika ukuta wowote. Yamebaki katika vifua vya wazee wachache, na wazee hawadumu. Mama yetu amekwisha kutuambia jina la bibi yule, nasi tumeliandika katika daftari la nyumba, juu ya majina mengine yote, na watoto wetu humtaja katika dua zao baada ya swala.

Mwenyezi Mungu awarehemu waliojenga na waliouzwa, na atujaalie kuwa wasema kweli katika habari za wengine na katika habari zetu. Amin.