Leseni Ndani ya Mkoba: Safari Yetu ya Unguja

Mama mwenzangu, hebu fungua mkoba wako utazame. Kuna nini humo? Leso, ufunguo wa nyumba, kitambulisho, risiti ya ada ya shule, labda na peremende iliyogandiana na karatasi yake. Katika mkoba wangu kulikuwa na kitu kingine: leseni ya udereva yenye picha yangu na jina langu kamili. Nilitembea nayo karibu miaka mitano. Safari ninayotaka kuwasimulia ni ya Unguja, mwezi Agosti 2024, na huko ndiko leseni hiyo iliponiumbua.

Tuliondoka Dar es Salaam kwa boti ya asubuhi, mimi na mdogo wangu. Yeye ameolewa Uingereza na alikuwa hajafika nyumbani kwa miaka sita. Mama yetu alifariki mwaka mmoja kabla ya hapo, naye hakuweza kuja kumzika. Basi alipokuja tulikwenda kwanza makaburini, tukalia pamoja, halafu mume wangu akasema, "Nendeni mkapumzike siku chache, watoto nitabaki nao." Tumebaki wawili tu kwa tumbo la mama yetu. Nawaomba mlikumbuke hilo mnapoendelea kusoma.

Boti huchukua kama saa mbili kufika Malindi. Siku tatu za kwanza tulikaa Mji Mkongwe, na humo gari halina kazi. Vichochoro vya Kiponda, Hurumzi na Shangani ni vyembamba kiasi kwamba ukikutana na mwenye baiskeli na kapu la mkate, mmoja wenu anaingia barazani. Vespa na pikipiki hupita zikipiga honi kila kona, na wazee wanaocheza bao hawainui hata macho. Tulitembea kwa miguu mpaka Forodhani, tukapita mbele ya Beit al-Ajaib, ile nyumba ambayo upande wake mmoja uliporomoka siku ya Krismasi mwaka 2020. Jioni tulikula mishikaki na urojo kama wasichana.

Jumapili tulisali Mkunazini, katika kanisa kuu la Kianglikana. Kanisa hili lilijengwa mahali palipokuwa soko la watumwa, na soko lilifungwa mwaka 1873, mwaka uleule ambao jiwe la msingi liliwekwa. Palipo altare, husimuliwa, ndipo uliposimama mti wa kuwachapia watumwa. Askofu Edward Steere aliyelisimamia jengo hilo amezikwa humo humo. Mtembezaji mmoja alituonyesha nguzo kadhaa karibu na mlango, ambazo inasemekana mafundi walizisimamisha juu chini wakati askofu hayupo. Mdogo wangu alicheka sana. "Kazi isiyokaguliwa hiyo," alisema. Mimi nilicheka kidogo tu, na sababu mtaielewa mbele.

Siku ya nne tukataka gari la kukodi ili twende pwani ya mashariki. Hapa nieleze mambo ya karatasi, maana wengi wetu tuna ndugu walio nje, nao wakija hutaka kuendesha wenyewe. Zanzibar ina sheria yake ya usafiri wa barabarani, ya mwaka 2003, mbali na ile ya Bara ya mwaka 1973. Hata namba za magari ni tofauti: za kule huanza na Z, zetu huanza na T. Mgeni kutoka nchi kama Uingereza anatakiwa awe na leseni ya kwao pamoja na kibali cha kimataifa cha udereva, au apate kibali cha muda cha hukohuko Zanzibar. Kile cha kimataifa hutolewa tu na nchi iliyotoa leseni yenyewe. Huwezi kufika Unguja ndipo ukakitafute. Kwa walio Uingereza, tangu Aprili 2024 hupatikana kwenye maduka yenye huduma ya PayPoint kwa pauni 5 na nusu, na kinachofaa kwa Tanzania ni kile cha mkataba wa mwaka 1949, ambacho hudumu miezi 12. Tena hakisimami peke yake. Lazima leseni halisi iwe nacho mkononi.

Mdogo wangu hakuwa na habari hizo. Alikuja na leseni yake ya Uingereza tu. Mwenye gari hakushtuka, inaonekana wengi huja hivyo. Alichukua nakala ya pasipoti na leseni, akaomba malipo ya kibali, kiasi cha dola 10 hivi, na mchana kibali kikaletwa kimeandikwa jina lake. Tulikagua gari, gurudumu la akiba, jeki, taa, breki, stika ya bima, na tukapiga picha mikwaruzo yote iliyokuwapo ili isije ikawa yetu. Kisha mwenye gari akauliza, "Dereva wa pili niandike nani?"

Mdogo wangu akanigeukia. "Andika dada. Ana leseni, tutapokezana."

Nikajibu haraka, "Aa, andika jina lake peke yake. Mimi nataka kutazama mandhari."

Sasa niwaambie ukweli niliomficha. Leseni ile niliipata mwishoni mwa 2019. Mume wangu alikuwa amenunua gari na alitaka kunifurahisha. Alimpata mtu wa pembeni aliyesema kwamba mama mwenye watoto wadogo hana haja ya kusumbuka darasani, yeye angeshughulikia kila karatasi. Mimi nilikwenda siku moja tu, kupigwa picha na kuweka alama za vidole. Chuo cha udereva sikukiona, mtahini sikumwona. Nilipopewa kadi niliibusu. Nilijaribu kuendesha mara mbili uani, nikagonga pipa la maji, nikaacha. Lakini kanisani na kazini nilijulikana kuwa nina leseni, na kwa kweli nilipenda kujulikana hivyo.

Tukashika njia. Ukiondoka mjini kwa Mwanakwerekwe, ukapita Tunguu, unafika Bungi penye miembe mikubwa iliyopangwa kandokando ya barabara mpaka matawi yake yanakutana juu. Watu huiita miembe ya Bi Khole, binti wa Sayyid Said, na husemwa kuwa ilipandwa kwa ajili yake katika karne ya 19. Ni kama kupita ndani ya nyumba ndefu ya kijani. Baadaye ni msitu wa Jozani, ambako kima punju wekundu huvuka barabara na watoto wao. Kwa ajili yao barabara imewekewa matuta, na dereva asiyepunguza mwendo atayajua kwa mgongo wake. Halafu Kitogani, Paje, na mwishowe Jambiani, kijiji cha mchanga mweupe ambako kina mama huenda kwenye mashamba yao ya mwani maji yakipwa.

Tulifikia kwa bibi mmoja anayepangisha vyumba. Siku mbili zilikuwa raha tupu. Usiku wa tatu, yapata saa saba, mdogo wangu aliniamsha. Alikuwa amejikunja kitandani, ameshika tumbo upande wa kulia chini, ametapika, na jasho linamtiririka. Nilidhani ni pweza wa jioni. Lakini sote tulikula pweza yuleyule. Bibi mwenye nyumba aliingia, akamgusa, akatoka tena mbio. "Huyu apelekwe mjini sasa hivi," akasema. "Gari mnalo. Nani anaendesha?"

Nilikuwa nimeshika ufunguo. Mkoba ulikuwa begani. Jamani, sijui nieleze vipi aibu na hofu iliyonishika. Nilitoka mpaka kwenye gari, nikakaa kwenye usukani, nikawasha, likaruka mbele hatua moja na kuzima. Nikawasha tena, likazima tena. Mbele yangu ukuta, nyuma giza, na njia ya mjini ni ndefu. Mikono ilikuwa inatetemeka hata sikuipata gia. Bibi alinitazama kupitia dirishani, akasema kwa upole, "Teremka mwanangu, utamuua."

Alimtuma mjukuu wake kwa kijana mmoja wa jirani, dereva wa daladala ya namba 309, inayokwenda Jambiani. Kijana alikuwa amelala nyumba ya mbali kidogo, na mpaka kufika ilikuwa karibu saa nzima. Nilimpigia simu mwenye gari kumweleza kwamba asiyeandikwa ndiye atakayeendesha. Alijibu, "Nendeni, roho ya mtu kwanza." Nilimshukuru, ingawa nilijua kwamba tukipata ajali bima ingeuliza maswali.

Njiani nilimpakata kichwa. Tulipofika Jozani kijana alipunguza mwendo kabisa, lakini kila tuta lilipopita mdogo wangu alipiga kelele ambayo naisikia mpaka leo. Baadaye daktari alinieleza kwamba maumivu ya kidole tumbo huzidi mwili unapotikiswa. Mimi wakati ule sikujua. Nilikuwa nahesabu matuta na kuomba.

Karibu na mjini askari wa barabarani alitusimamisha. Alimulika tochi, akaitazama leseni ya kijana, akatazama karatasi za gari, akauliza mbona kibali kina jina jingine. Kijana akamwonyesha mgonjwa. Askari akanigeukia mimi. "Na wewe mama, huna leseni?"

Nilinyamaza. Hivi ningejibu nini? Nikisema ninayo, ataniuliza kwa nini siendeshi. Nikisema sina, ni uongo. Kijana aliniokoa, akasema, "Mama ameshtuka, afande." Tukaruhusiwa kupita.

Hospitali ya Mnazi Mmoja walimpokea, na alfajiri akafanyiwa upasuaji. Kidole tumbo kilikuwa kimevimba sana, lakini hakikuwa kimepasuka. Mchana alipopata fahamu vizuri, neno lake la kwanza kwangu halikuwa la hasira, na afadhali lingekuwa la hasira. Alisema, "Dada, si una leseni?"

Nilimwambia yote, nimepiga magoti kando ya kitanda chake. Alinyamaza kwa muda. Halafu akasema, "Mama alikuwa anajua?" Nikasema hapana. Mama alikufa akijivunia kwamba binti yake ni dereva.

Niliporudi Dar es Salaam nilizungumza na mume wangu usiku watoto wamelala. Hatukulaumiana, ingawa tulikaribia. Yeye alinunua, mimi nilipokea. Tulikubaliana kwamba sitaendesha hata hatua moja mpaka nifundishwe na nipimwe, kama mtu asiyewahi kuishika kadi ile. Mwaka huo ukaisha, nayo leseni ikaisha muda wake.

Kwa dada anayetaka kuanza, njia ya huku Bara ndiyo hii. Uwe umetimiza miaka 18, uwe na kitambulisho na namba ya mlipakodi. Jiunge na chuo cha udereva kinachotambuliwa, ukate leseni ya kujifunzia, ambayo hudumu miezi mitatu, na gari unalojifunzia liwe na alama ya L. Ukimaliza chuo wanakupa cheti. Ndipo unapimwa na askari wa usalama barabarani, alama za barabarani kwanza, halafu gari lenyewe. Ukifaulu unapewa cheti cha umahiri, na kwa cheti hicho unakwenda TRA kupigwa picha, kuweka saini na alama za vidole. Gari dogo la nyumbani ni daraja D. Tangu mwaka wa fedha wa 2019/20 leseni hudumu miaka mitano kwa shilingi 70,000. Kabla ya hapo ilikuwa miaka mitatu kwa 40,000.

Darasani nilikuwa mwanafunzi mzee kuliko wote. Vijana waliniita mama mkwe. Kilichonitesa ni kupandisha mlima gari lisirudi nyuma, na siku ya kupimwa mara ya kwanza lilirudi, nikaanguka. Nililia ndani ya daladala mpaka nyumbani. Mtu mmoja nje ya geti alikuwa ameninong'oneza kwamba mambo kama hayo huwa yanatengenezwa. Nilimtazama nikakumbuka matuta ya Jozani, nikaondoka bila kumjibu. Baada ya wiki tatu nilipimwa tena nikafaulu.

Agosti 2025 nilirudi Unguja, safari hii na mume wangu na watoto. Nilimpigia simu mwenye gari yuleyule mapema, nikampelekea nakala ya leseni na kitambulisho, na alipouliza jina la dereva nilimtajia langu. Karibu na Tunguu askari aliinua mkono. Nilisimama pembeni, nikazima gari, nikafungua mkoba. Alisoma, akanitazama, akatazama picha.

"Haya mama, safari njema. Huko mbele kuna kima, taratibu."

Chini ya miembe ya Bungi watoto walifungua madirisha wakapiga kelele. Jozani nilipita kila tuta kwa gia ya kwanza, hata mume wangu akaniuliza kama gari lina tatizo. Sikumjibu. Tulipofika Jambiani bibi alitoka barazani, akaona nani anateremka upande wa usukani, akafunika mdomo kwa kanga. Kisha akaingia ndani kunitafutia dafu. Nilibaki nimesimama kando ya gari, nikampigia simu mdogo wangu.

"Mmefika?" akauliza. "Nani kaendesha?"