Kusikiliza kwa Njia ya Studs Terkel

Yafaa mwalimu wa historia avijue vitabu vya Studs Terkel (1912–2008), mtangazaji wa redio wa Chicago. Katika "Hard Times", kilichotolewa mwaka 1970, Wamarekani wanasimulia dhiki ya kuanguka kwa uchumi katika miaka ya 1930. Katika "Working", cha mwaka 1974, mhudumu wa mkahawa, mchimba makaburi na mfanyakazi wa kiwanda cha chuma wanaeleza kazi zao za kila siku. Terkel alikwenda na kinasa sauti. Na, jambo linipendezalo mno, maswali yake mengi aliyaacha nje ya kitabu, akabaki msimulizi peke yake.

Hapo ndipo wanachuo wetu wengi hukwama. Humwendea mzee na maswali ishirini, wakarudi na tarehe tupu. Siku hizi nawaagiza wachukue swali moja: siku yako ya kazi ilianzaje? Kisha wanyamaze. Mmoja alirejea na kurasa tisa za masimulizi ya mpishi wa bwalo letu, ambaye sote tulizoea kumwamkia na kupita. Tulipozisoma darasani, mpishi mwenyewe alikuwapo. Alisikiliza hadi mwisho, akasema habari za kuni mbichi bado hazijatosha.